Bega la Kushoto

3 Februari

Kaka,

Shikamoo. Huku hatujambo sote, tukiacha magoti ya Mama, ambayo mwenyewe anasema si ugonjwa, ni umri tu unapiga hodi. Sikio la kulia limefunga kabisa. La kushoto linasikia linachotaka. Anaongea kwa sauti ya mtu anayemwita mwenzake ng'ambo ya barabara, kwa hiyo siri za nyumba yetu sasa ni mali ya mtaa mzima. Shemeji yako anakusalimu. Kibanda changu cha picha za pasipoti kingalipo hapo mbele ya nyumba, ila wateja wamepungua, maana siku hizi kila mtu ana simu na kila simu ina jicho. Wachache wanaokuja nawaambia, "Simama wima, inua kidevu," nao wanalitazama bega langu na kujiuliza mimi ni nani wa kumwambia mtu asimame wima.

Nakuandikia kwa sababu ya gazeti. Nilinunua balbu dukani, wakanifungia kwenye ukurasa wa gazeti, na nilipoifungua nikakuta picha ya ule mgongo. Mwanamume anaiacha nyumba yake, amevaa koti jeusi, bega la kushoto limelala, anakwenda zake bila kugeuka. Chini wameandika jina lako, kisha wakaandika: "Mgongo uliosema kuliko midomo." Wanasema ile filamu inasafishwa upya, majina ya mwishoni yanaandikwa upya, na mwezi wa saba utafanyiwa hafla kwa kutimiza miaka sabini na kwa kazi zako zote mbili, ya kuigiza na ya kamera. Hongera sana, Kaka. Nasema kwa moyo.

Lakini mimi na wewe tunajua ule mgongo ni wa nani.

Miaka arobaini sijamwambia mtu. Siku ile ya balbu nilimwonyesha mke wangu gazeti nikamwambia, "Huyu ni mimi." Alicheka mpaka akashika ubavu. Akasema, "Baba weee, kila mtu ana mgongo!" Usiku sikupata usingizi, si kwa hasira, kwa aibu. Nimelala na mwanamke huyu miaka thelathini na nane na hajui kitu cha pekee nilichowahi kufanya vizuri.

Sitaki hafla wala makofi. Kwa kuwa orodha ya majina inaandikwa upya, naomba mstari mmoja tu: kwamba aliyetembea katika tukio la mwisho ni fulani, mdogo wa mwigizaji. Basi.

Mdogo wako


22 Machi

Mdogo wangu,

Marahaba. Samahani kwa kuchelewa, barua yako ilinikuta nimezama kazini. Msalimu Mama, mwambie apake yale mafuta niliyotuma, apake na joto. Mwambie shemeji kicheko chake ninakikumbuka. Mimi sijambo. Nyumba ni kubwa na sauti ni chache tangu mke wangu aondoke, lakini nimezoea. Nusu ya siku nipo kwenye chumba cha giza na binti mmoja wa kompyuta, tunaisafisha filamu picha moja baada ya nyingine. Yeye anafuta mikwaruzo, mimi nasema wapi mwanga ulikuwa hivi na wapi ulikuwa vile. Ananiita Mzee. Nilimkatalia siku mbili, ya tatu nikaitika.

Waandishi hawaniachi. Swali lao ni lilelile: kwa nini niliacha kuigiza wakati jina linapaa, nikaenda kujificha nyuma ya kamera? Na jibu langu ni lilelile: nilichoka kutazamwa, nikataka kutazama. Wanalipenda sana. Wanaandika haraka haraka kama naweza kulisahau. Na si uongo, mdogo wangu. Uso unazeeka, lakini anayejua mwanga hazeeki. Nimepiga filamu kumi na tisa kwa mkono huu, na wapo waliotazama nyuso za waigizaji wangu wakalia bila kujua kilichowaliza ni taa moja ya pembeni.

Kuhusu lile jambo lako, nimelisoma. Mambo ya orodha yana wenyewe. Tutaongea.

Kaka yako


4 Aprili

Kaka,

Shikamoo. Mama anashukuru kwa mafuta. Kayapaka mara moja, akasema yananuka dawa ya mende, sasa anampaka paka. Paka hajambo.

"Tutaongea." Neno hilo nalijua. Ulinipa siku ulipopata kamera yako mwenyewe na ukaacha kuniita kazini. Nilikuuliza, ukasema tutaongea. Baadaye nikasikia kwa wengine kwamba bega langu linaharibu vipimo vya taa.

Ngoja basi mimi niongee. Barua haikatizwi.

Kazi yangu pale ilikuwa kusimama. Wewe ukiwa unapakwa poda na kusoma maneno yako, mimi nilisimama mahali pako ili wapange taa, kwa kuwa tulikuwa na urefu mmoja. Wakaniita Kigingi. "Kigingi, geuka. Kigingi, usipumue." Mzee wa kamera akizungusha taa usoni pangu, wewe ulikuwa unachungulia kutoka kwenye kiti cha poda. Ule ujuzi wa mwanga unaowahadithia waandishi ulijifunzia kwenye uso wangu.

Siku ya tukio la mwisho mwanga wa asubuhi ulikuwa wa robo saa tu, na wewe hukuonekana. Ulikokuwa sikuuliza, na hata leo siulizi. Mwongozaji alikuwa anang'oa nywele. Mzee wa kamera akasema, "Kigingi, vaa koti." Nikavaa, nikatembea mara moja, wakasema basi. Ulipofika jua limeshapanda. Wote pale walijua, nao wakanyamaza kwa kuwa jina lako ndilo lililouza tiketi. Sasa wote wamelala makaburini, tumebaki wawili. Ukanivuta nyuma ya gari la vyombo ukaniambia, "Hii ni siri yetu, mdogo wangu, kama ile ya ukuta."

Ile ya ukuta. Nilikuwa na miaka tisa, wewe kumi na mbili, na hatukuwa na tiketi. Ulisimama juu ya bega langu kuchungulia sinema ya wazi, ukawa unanihadithia kutoka juu: "Sasa anapanda farasi, sasa anachomoa upanga!" Mimi nilikuwa naona matofali. Upanga ulipochomolewa ukaruka kwa furaha, na mfupa wangu ukavunjika kwa sauti niliyoisikia masikioni. Nyumbani nikasema nimeanguka mwenyewe. Mfupa ukaunga vibaya, bega likalala, likawa hivyo hivyo.

Na hilo bega, Kaka, ndilo wanaloliandika magazetini. Wanasema uliweka huzuni yote ya yule baba anayeiacha nyumba yake kwenye bega moja.

Jibu lako kwa waandishi nalijua vilevile. Hukuchoka kutazamwa. Baada ya filamu ile kila mwongozaji alitaka ule mwendo, na wewe ulikuwa huna. Ulitia jiwe mfukoni ili bega lishuke. Ulinitembeza kutoka mlangoni mpaka dirishani mara ishirini, wewe nyuma yangu unaniiga. Katika filamu ya tatu wakakuambia mbele ya watu wote, "Turudishie ule mgongo." Wiki ileile ukaanza kubeba lenzi za mzee wa kamera. Hukwenda nyuma ya kamera kutazama. Ulikimbilia huko usitazamwe mgongo.

Mwenye kovu usidhani kapoa. Mstari mmoja, Kaka.

Mdogo wako


29 Mei

Mdogo wangu,

Natumaini mko salama. Mimi nina kikohozi kisichoisha na daktari ananiambia nipumzike, kana kwamba hafla itajipanga yenyewe. Poleni kwa mvua. Hapa pia ni hivyo.

Barua yako niliisoma mara moja nikaifungia kabatini. Sikudhani unaweza kuandika hivyo kwa kaka yako. Mambo ya utotoni unayahesabu kama mwenye duka? Nani aliyekutafutia ile kazi? Nani aliyewaambia, "Nisipokuja na mdogo wangu siji"? Hilo hujaliandika.

Nikueleze jambo kitaalamu, pengine litakutuliza. Filamu si cheti cha kuzaliwa. Mtu anayeonekana pale si mimi wala si wewe, ni yule baba anayeiacha nyumba yake. Uso ulikuwa wangu, sauti yangu, koti alishona fundi, machozi yalitoka kwenye chupa. Mbona fundi hajadai aandikwe kwamba kiwiko ni chake? Mgongo hauna jina. Ndivyo kazi yetu ilivyo, na wewe uliijua ulipoingia.

Na tuseme nimeuandika huo mstari wako. Unajua kitakachofuata? Hawatakusifu wewe, watanicheka mimi. Miaka arobaini ya kazi, filamu kumi na tisa za kamera, vyote vitakuwa kichekesho cha wiki moja: yule mzee aliyesifiwa mgongo wa mwenzake. Nina miaka sabini. Sina mtoto wala mke, nina jina tu. Nakuomba usimwage mtama kwenye kuku wengi.

Nimepata viti viwili vya mbele. Gari litakuja kumchukua Mama pamoja na shemeji, maana Mama atahitaji mtu wa kumshika mkono. Wewe najua kibanda hakiachiki.

Kaka yako


10 Juni

Kaka,

Shikamoo. Pole kwa kikohozi. Kunywa maji ya moto asubuhi kabla hujaongea na mtu.

Ni kweli, ulinitafutia kazi. Asante. Hilo ningeliandika lingenibakiza na deni la shukrani, ndiyo maana nikaliruka. Sasa nimelilipa.

Kibanda kinaachika. Kina kufuli. Lakini nimeelewa.

Mama atakuja. Ameshatoa nguo yake ya kutokea, anaipiga pasi kila siku mpaka shemeji yako anaogopa itatoboka. Aliniuliza ni filamu gani wataonyesha. Nikamwambia. Akasema, "Ile ya koti?" Nikasema ndiyo. Akalitazama bega langu, kisha akarudi kwenye pasi yake.

Ombi langu ni moja, na si lile la kwanza, lile nimekuachia. Mkalishe Mama ili sikio lake la kushoto liwe upande wako. Asikie kila utakachosema. Anakuja kwa ajili hiyo.

Mdogo wako


2 Agosti

Mdogo wangu mpendwa,

Salamu nyingi. Nadhani Mama na shemeji walifika salama na wamekusimulia. Hafla ilikwenda vizuri kuliko nilivyotarajia. Ukumbi ulijaa mpaka watu wakasimama ukutani. Mama alipendeza sana, kila mtu alitaka kumpa mkono. Kuelekea mwisho alichoka kidogo, akasema maneno mawili matatu. Unajua wazee na giza. Watu walielewa.

Jina lako limo kwenye orodha. Sikukuambia mapema, nilitaka iwe zawadi.

Tangu siku ile sijalala vizuri, na kuna jambo nimeona nikuambie, kwa kuwa uliandika kwamba huulizi. Asubuhi ile ya koti mimi nilikuwepo. Nilifika mapema kuliko ninyi wote. Nilikaa ndani ya teksi nje ya lango. Jana yake nilikuwa nimetembea lile tukio mara ishirini na mbili kwa majaribio, na mwongozaji akaniambia, "Unatembea kama mtu anayejua anatazamwa." Nilishindwa kushuka kwenye gari. Dereva akaniuliza kama naumwa. Kisha nikakuona kupitia lango, umevaa koti langu, unakwenda. Mara moja tu. Hukuwa unaigiza chochote, ulikuwa unatembea kama unavyotembea kwenda dukani, na mimi nikalia. Nikikuambia nililia kwa furaha nitakuwa mwongo. Nilikuonea wivu, mdogo wangu, na wivu huo haujaniacha mpaka leo.

Sijawahi kumwambia mtu hili. Nadhani sasa tumelingana.

Kaka yako


19 Agosti

Kaka,

Shikamoo.

Nimeisoma habari ya teksi mara tatu. Ingekuja mwezi wa tatu ningelia. Imekuja Agosti, na nimegundua kwa nini imekuja: umelikiri la zamani ili usilikiri la juzi.

Shemeji yako amenisimulia yote, na unajua yeye si mtu wa kutia chumvi. Tukio la mwisho lilipofika, ukumbi kimya, Mama akanyoosha kidole akasema kwa ile sauti yake, "Huyo si wewe! Huyo ni mdogo wako! Mwambie basi ageuke nimwone!" Watu wote wakawageukia. Pale, Kaka, mlango ulikuwa wazi. Hukuhitaji hata kusema kitu. Ungenyamaza tu ingetosha. Wewe ukasimama, ukacheka kile kicheko chako cha sinema, ukasema, "Mtusamehe, mama yangu ana miaka tisini, siku hizi anatuchanganya." Watu wakacheka kwa huruma, wakapiga makofi.

Mama hakupiga. Sikio lake zima lilikuwa upande wako, kama nilivyokuomba.

Ndani ya gari akamwambia shemeji yako kwamba hata ile mara ya kwanza, miaka arobaini iliyopita, filamu ilipotoka, alikuuliza gizani, "Mbona umemvika mdogo wako koti lako?" nawe ukambana mkono anyamaze. Akanyamaza. Akaninyamazia na mimi pia. Alidhani tumekubaliana, na mama haingilii makubaliano ya wanawe. Miaka yote nilikuwa nadhani hakuna anayejua.

Sasa sikiliza ulichofanya. Mama anaamka asubuhi anauliza leo tarehe ngapi, kisha anairudia akihesabu kwa vidole. Anataja majina ya wajukuu mmoja mmoja, anamwuliza shemeji yako kama amepatia. Kabla ya kusema lolote anaanza, "Kama nimekosea mnisahihishe." Yule mwanamke aliyekuwa akisikika mpaka ng'ambo ya barabara ananong'ona, Kaka. Ananong'ona ndani ya nyumba yake.

Jina langu nimeelezwa liko wapi. Kati ya mpishi wa chai na dereva wa gari la vyombo, chini ya "waliosaidia", wameandika Kigingi. Kigingi ni kipande cha mti. Lifute au liache, sijali tena. Kuhusu mke wangu usijali pia. Juzi nilikuwa nafagia kibanda, akasimama nyuma yangu akiutazama mgongo. Kisha akasema, "Ni wewe." Akaenda kuinjika maji. Mimi nimeshalipwa.

Mimi unaweza kunikana, nimezoea, na bega nilikupa mwenyewe. Mama hakukupa akili zake uzikanyage ili uchungulie ukutani.

Ndani ya bahasha hii nimetia bahasha nyingine, imeshaandikwa anwani na kubandikwa stempu, na karatasi tupu. Andika kwa herufi kubwa, anapenda kusoma mwenyewe: "Mama, hukukosea." Maneno mawili. Usiweke maelezo ya kitaalamu.

Mdogo wako


12 Novemba

Kaka,

Bahasha yako imefika leo. Mama ameifungua mwenyewe, kwa kisu cha mkate, taratibu ili asichane kilichomo.

Karatasi haikuwemo. Ilikuwemo picha ya mgongo, imesafishwa vizuri, mpaka mishono ya koti inaonekana, na kwenye kona sahihi yako, na chini yake, "Kwa Mama, kwa upendo."

Aliigeuza kutafuta maneno mengine nyuma. Akaigeuza tena. Akaniuliza leo tarehe ngapi, nikamwambia. Akaniuliza kama mlango wa kibanda uko wazi, nikamwambia uko wazi na kuna wateja watatu kwenye benchi. Akainuka na magoti yake, akatoka nayo mpaka kwenye kizingiti cha kibanda, akaiinua juu.

"Picha ni ya mwanangu," akasema. "Sahihi ni ya mtu mwingine."

Hakunong'ona, Kaka. Mtaa mzima umesikia.

Mdogo wako